Nadharia Ipi Ibebe Hadithi Yako: Dunia ya Programu, Malimwengu Mengi, Hologramu, Wimbi Elekezi au Etha?

Saa iliyoko Dodoma inakwenda mbio kuliko saa iliyoko Dar es Salaam. Dodoma, mji wetu, uko zaidi ya mita 1,100 juu ya usawa wa bahari, na nadharia ya uhusianifu aliyoikamilisha Albert Einstein mwaka 1915 inasema kwamba kadiri unavyopanda juu ndivyo muda unavyokwenda haraka. Ukipiga hesabu kwa mwinuko wa Dodoma unapata tofauti ya takribani nanosekunde 10 kwa siku. Igawe sekunde moja vipande bilioni. Vipande kumi kati ya hivyo ndivyo mtu wa Makole, hapa Dodoma, anavyomtangulia shangazi yake wa Kigamboni, Dar es Salaam, kila kunapokucha. Hakuna anayehisi. Saa za atomu zinahisi, na GPS ya simu yako ingepotoka kwa kilomita kadhaa kila siku kama wahandisi wasingezirekebisha saa za setilaiti kwa kufuata nadharia hiyohiyo.

Nayasema haya kwa ajili yako wewe unayetaka kuandika hadithi ya kisayansi kwa Kiswahili, yenye nadharia yake ya kubuni kuhusu mitambo iliyojificha nyuma ya dunia tunayoiona. Unashindana na ukweli, na ukweli umeshatangulia mbali. Msomaji ambaye ameshaambiwa habari ya saa za Dodoma na Dar hatashtushwa na mlango unaong'aa katikati ya pori.

Wengi wanaoanza huokota nadharia hewani. Mimi nashauri uanzie kwenye wazo ambalo wanafizikia wenyewe walilipendekeza, kisha ulipinde mahali pamoja, pamoja tu, na kwingine kote uliheshimu. Hapa nalinganisha mawazo matano yanayofaa kazi hiyo. Jambo ninalolitazama kwanza ni kile ambacho nadharia inakikataza. Nadharia inayoruhusu kila kitu haizai hadithi, kwa sababu mhusika wake hakwami popote. La pili ni alama: kama nadharia hii ingekuwa kweli, ni kitu gani cha kushikika kingeonekana tofauti hapa Dodoma, mbele ya macho ya mtu asiye na maabara?

Hadithi ya kupimia

Nitaipitisha hadithi moja kwenye nadharia zote tano. Bibi mmoja analima zabibu Hombolo, kaskazini mashariki mwa mji. Ana kisima cha kuchimbwa kwa mkono, na hupima kina cha maji kwa kamba ya katani yenye mafundo, jiwe limefungwa mwishoni. Mwezi wa Agosti, katikati ya kiangazi, wakati wa mavuno ya pili ya mwaka, maji ya kisima yanapanda mafundo matatu kwa usiku mmoja. Mvua haijanyesha tangu Aprili. Mjukuu wake anayesoma fizikia Chuo Kikuu cha Dodoma anaitwa aje kuona.

Kabla hujaigusa nadharia yoyote, jua kwanza maji ya kweli yanavyofanya kazi hapa, maana msomaji wa Dodoma anajua na atakukamata. Mji unategemea sana visima vya Makutupora, na huko viwango vya maji ya ardhini vimepimwa kwa miongo mingi. Uchambuzi wa rekodi ya miaka 55 uliochapishwa 2013 ulionyesha jambo ambalo watu wengi hawalitarajii: maji hayaongezeki kidogokidogo kila masika. Hushuka mwaka baada ya mwaka, kisha hujazwa kwa mkupuo katika misimu michache ya mvua kubwa kupita kiasi, mara nyingi ile inayoambatana na El Niño, kama ya 1997/98. Chini ya miguu yetu, kwa hiyo, pana kumbukumbu ndefu ya mvua chache. Kisima kinachopanda Agosti bila mvua kinavunja utaratibu ambao bibi huyu ameuishi maisha yake yote. Hapo ndipo nadharia yako inaingia kazini.

Dunia ya programu

Ndiyo inayochaguliwa na wengi, na kwangu ndiyo ya mwisho. Mwaka 2003 mwanafalsafa Nick Bostrom alitoa hoja kwamba moja kati ya mambo matatu yana uwezekano mkubwa wa kuwa kweli: karibu jamii zote hutoweka kabla ya kupata kompyuta zenye uwezo wa kuigiza akili za watu, au zikizipata hazina hamu ya kuigiza maisha ya wahenga wao, au sisi wenyewe, karibu kwa hakika, tunaishi ndani ya maigizo hayo. Hoja yake ni ya makini kuliko inavyosimuliwa vijiweni. Hakusema kwamba tunaishi ndani ya kompyuta. Alisema lazima uchague moja kati ya hayo matatu.

Tatizo linaonekana mara tu unapoipeleka Hombolo. Kwa nini kisima kimepanda? Kwa sababu anayeendesha programu ametaka. Kwa nini kimeshuka? Ametaka tena. Mjukuu hana cha kupima, bibi hana cha kuogopa wala cha kutumainia, na mwandishi amejipa ruhusa ya kufanya lolote.

Kuna upenyo mmoja. Mwaka 2012 wanafizikia Silas Beane, Zohreh Davoudi na Martin Savage walieleza kwamba kama ulimwengu ungekuwa unakokotolewa juu ya gridi ya nukta, miale ya anga yenye nishati kubwa kabisa ingeonyesha upendeleo wa kufuata mielekeo ya gridi hiyo. Hilo ni katazo, na ni alama. Ukilazimika kuichagua nadharia hii, shika hapo. Mjukuu achore ramani ya kila kisima kilichopanda usiku ule, kuanzia Hombolo hadi Bahi na Manyoni, agundue kwamba vyote vimekaa kwenye mistari iliyonyooka inayokatana kwa pembe mraba, na kwamba katikati ya miraba hakuna hata kimoja. Sasa ana jambo la kuulizwa na wazee, na lipo la kumnyima usingizi.

Malimwengu mengi

Mwaka 1957 Hugh Everett III, mwanafunzi wa John Wheeler katika Chuo Kikuu cha Princeton, aliwasilisha tasnifu iliyosema kwamba mlinganyo wa Schrödinger, unaoeleza jinsi hali za chembe ndogo kabisa zinavyobadilika, haukomi kufanya kazi hata pale mtu anapopima. Pale ambapo wengine walisema chembe "inachagua" hali moja, yeye alisema hali zote zinaendelea, kila moja katika tawi lake la ulimwengu, na mpimaji naye anagawanyika pamoja nazo. Wanafizikia wa wakati ule hawakulipokea vizuri. Everett aliacha kazi ya chuo, akaenda kufanya utafiti wa mambo ya kijeshi Pentagon, akafariki 1982 akiwa na miaka 51. Jina la malimwengu mengi lilienezwa zaidi na Bryce DeWitt katika miaka ya 1970.

Nadharia hii inakataza mambo mawili, na waandishi wengi huyavunja yote mawili bila kujua. Kwanza, hakuna kuvuka. Mazingira yakishayatenganisha matawi, jambo ambalo mwanafizikia Dieter Zeh alianza kulifafanua 1970, hayasikilizani tena. Hutamkuta pacha wako wa tawi jingine akinunua karanga pale Nyerere Square. Pili, uamuzi wa mtu, peke yake, si lazima uugawe ulimwengu. Kinachogawa ni tukio la kwanta, yaani la chembe ndogo kabisa, kama kuoza kwa kiini cha atomu. Bibi akiamua kuuza shamba au kubaki nalo, huo ni uamuzi wake tu, isipokuwa kama ameuegemeza juu ya tukio la aina hiyo.

Na hapa mkoa wetu unakupa zawadi. Bahi, na Manyoni ya mkoa jirani wa Singida, zimefanyiwa utafiti wa madini ya urani, maana yamo kwenye udongo wa huko. Nusu ya atomu za urani ya aina ya 238 huoza kwa takribani miaka bilioni 4.5, na hakuna awezaye kusema atomu ipi itafuata. Mpe mjukuu jiwe kutoka Bahi na kifaa cha kupimia mionzi. Awaambie ndugu waliokusanyika chini ya mbuyu: kifaa kikilia ndani ya sekunde kumi zijazo tutachimba zaidi, kisipolia tutauza shamba. Kinalia. Wanachimba. Kwa mujibu wa Everett, wakati uleule ukoo mzima umeuza shamba na kupanda basi, na hao waliouza ni watu kamili, wanaoumwa na wanaocheka, na hapana njia ya kuwapelekea hata salamu.

Hadithi ya namna hiyo inachoma, lakini hesabu gharama yake. Kama kila kitu kinatokea mahali fulani, msomaji atauliza kwa nini amlilie bibi. Wanafizikia wanaoiunga mkono nadharia hii wenyewe bado wanabishana juu ya maana ya uwezekano pale ambapo yote hutokea. Tena, nadharia hii haikipandishi kisima. Ndani ya tawi moja matokeo ya vipimo ni yaleyale ya fizikia ya kawaida, na maji hayapandi Agosti. Ukiichagua, kitoe kisima katika kiini cha hadithi, uandike juu ya majuto, juu ya msiba, juu ya mtoto aliyekwenda mjini asirudi. Hapo haina mpinzani. Kwa fumbo la maji, iache.

Hologramu

Wazo hili, lililopewa jina la picha bapa inayoonekana kuwa na kina, lilizaliwa kwenye mashimo meusi ya anga, ambamo hata nuru haitoki. Katika miaka ya 1970 Jacob Bekenstein alionyesha kwamba kiasi cha taarifa kinachoweza kufichwa ndani ya shimo jeusi kinalingana na eneo la uso wake, wala si na ujazo wake. Kazi ya Stephen Hawking ya 1974 ikalipa wazo hilo nguvu. Mwaka 1993 Gerard 't Hooft akapendekeza kwamba jambo hilo linahusu kila sehemu ya ulimwengu, Leonard Susskind akaliendeleza, na 1997 Juan Maldacena akapata mfano wa kihesabu ambamo fizikia yote ya ndani ya nafasi inaelezwa kikamilifu na fizikia ya mpaka wake. Zingatia kwamba nafasi ya Maldacena imepindika kwa namna isiyofanana na ulimwengu wetu. Kulipita pengo hilo ndiyo ruhusa yako ya kubuni.

Katazo lake ni zuri sana: huwezi kuhifadhi ndani ya kitu zaidi ya kile ambacho uso wake unaweza kubeba. Sasa fikiria kisima cha bibi. Maji yaliyomo, kina chake, hata mwangwi wa sauti, vyote ni kivuli cha kilichoandikwa kwenye kuta. Fundi akija kukijengea upya kwa saruji, atakuwa amefuta nini? Na bibi anayekumbuka kwamba babu yake alilipanga kila jiwe kwa utaratibu maalumu, je, alikuwa akijua?

Mtu wa Dodoma atafika Kondoa upesi kwa wazo hili. Michoro ya miambani ya Kolo na maeneo jirani, iliyoingizwa katika Urithi wa Dunia wa UNESCO mwaka 2006, ina watu warefu wembamba na wanyama waliochorwa kwa rangi nyekundu juu ya uso wa mwamba, na juu yao kwingine michoro ya baadaye ya rangi nyeupe. Ni uso unaobeba ulimwengu. Mvuto huo ni mkubwa, na nauogopa kidogo kwa sababu mbili. Ya kwanza ni ya ufundi: mhusika akishaweza kuchora mwambani na kubadilisha dunia, katazo limekufa, na umerudi kwenye dunia ya programu kwa mlango wa nyuma. Ya pili ni ya heshima. Mungomi wa Kolo, mmoja wa miamba hiyo yenye michoro, bado ni mahali pa matambiko ya mvua na uponyaji kwa wenyeji. Ukipaweka kwenye hadithi, nenda kwanza ukaketi na wazee wa pale, uulize kipi kinasemwa hadharani na kipi hakisemwi.

Wimbi elekezi

Hii ndiyo ninayoipendekeza kwa hadithi ya kisima, na nitakaa nayo.

Mwaka 1927, kwenye mkutano wa Solvay mjini Brussels, Louis de Broglie wa Ufaransa alipendekeza kwamba elektroni ni chembe kweli, ina mahali pake wakati wote hata isipotazamwa, na iko pamoja na wimbi linaloiongoza. Wenzake walimbana kwa maswali, naye baadaye akaliacha wazo lake. Miaka 25 ilipita. Mwaka 1952 David Bohm akalifufua na kulikamilisha kihesabu. Bohm alikuwa amepoteza nafasi yake Princeton baada ya kukataa kujibu maswali ya kamati ya Bunge la Marekani iliyokuwa ikiwasaka wakomunisti, na makala zake zilipotoka alikuwa akifundisha São Paulo, Brazili.

Litazame jaribio la nyufa mbili, ambalo timu ya Akira Tonomura ya Hitachi, Japani, ilifanikiwa kulionyesha kwa elektroni moja moja mwaka 1989. Elektroni inaruka peke yake, inagonga skrini, inaacha nukta. Inafuata nyingine, nukta nyingine, mahali pengine. Nukta za mwanzo hazina mpango wowote. Zikifika maelfu, mistari inaanza kujitokeza, myeusi na myeupe kwa zamu, ileile inayochorwa na mawimbi mawili yanapokutana. Kila elektroni ilikuwa peke yake, sasa iliambiwa na nani mahali pa kwenda? Bohm anajibu hivi: chembe imepita ufa mmoja, wimbi limepita zote mbili, na wimbi ndilo lililoipeleka chembe. Hatuwezi kutabiri nukta itakapoangukia kwa sababu hatujui chembe ilianzia wapi hasa, na hatuna njia ya kujua bila kuvuruga.

Makatazo yake ni mawili, na yote ni dhahabu kwa mwandishi. La kwanza: wimbi linaiongoza chembe, lakini chembe hailisukumi wimbi. Mazungumzo ni ya upande mmoja. Mtu anayeishi katika dunia hiyo anaelekezwa na kitu kisichoweza kumsikia, na sijaona hali nyingine katika fizikia iliyo karibu hivyo na mkulima anayesubiri mvua ya Dodoma. La pili: mambo yaliyoko mbali yanafungamana papo hapo, lakini huwezi kulitumia fungamano hilo kupeleka ujumbe. John Bell, mzaliwa wa Belfast aliyekuwa akifanya kazi CERN, maabara ya Ulaya ya fizikia ya chembe, aliichukua kazi ya Bohm kwa uzito wakati wengi waliipuuza, na 1964 akathibitisha kwamba nadharia yoyote ya aina hii inayokubaliana na vipimo vya kwanta lazima iwe na fungamano hilo. Majaribio ya John Clauser 1972, ya Alain Aspect 1982 na ya Anton Zeilinger baada yao yalionyesha kwamba maumbile ndivyo yalivyo, na wote watatu walipewa Nobeli ya fizikia 2022.

Sasa lipinde mahali pamoja. Uongo wako mmoja uwe huu: chembe nazo zinaweza kulisukuma wimbi, kidogo sana, kwa mdundo unaofaa. Liite Wimbi la Chini, liweke ndani ya mwamba kuanzia Hombolo hadi Bahi, na uandike sheria yake: wimbi likitikiswa hapa, maji yanahama, lakini jumla yake haibadiliki. Mengine yote ya Bohm na Bell yabaki kama yalivyo. Utaona hadithi inavyoanza kutembea yenyewe.

"Shikamoo, bibi."

"Marahaba, mjukuu wangu. Njoo uone."

Jiwe linashuka. Kamba inapita vidoleni mwake fundo kwa fundo, na kila fundo likigusa ukingo wa kisima linatoa mlio mdogo mkavu. Saba, nane, tisa. Jiwe linagusa maji. Wiki iliyopita yalikuwa fundo la kumi na mbili.

"Bibi, huwa unaishusha kamba mara ngapi kwa siku?"

"Asubuhi na jioni. Ndivyo nilivyofundishwa."

"Na juzi usiku?"

Bibi anaivuta kamba taratibu, anaikunja, anaiweka begani. "Juzi sikulala. Nilikesha hapa nikishusha na kupandisha mpaka jogoo wa kwanza."

Msomaji ameshaelewa kabla ya mjukuu kueleza. Siku mbili baadaye simu inapigwa kutoka Bahi: kisima cha mjomba kimeshuka mafundo matatu, usiku uleule. Hakuna aliyeiba maji. Hakuna ujumbe uliopita. Bibi hawezi kumwonya mjomba kwa kupitia wimbi, kwa sababu wimbi halibebi maneno. Itabidi apige simu na aseme kwa kinywa chake kwamba maji yake yako Hombolo. Hiyo simu ndiyo hadithi. Dunia ya programu isingekupa simu hiyo, na malimwengu mengi yangemweka mjomba mahali ambako simu haifiki.

Onyo moja. Ukisoma zaidi utakutana na majaribio ya Paris ya Yves Couder na Emmanuel Fort, yaliyoanza miaka ya 2000, ambamo tone la mafuta linarukaruka juu ya beseni la mafuta linalotetemeshwa, na kutembea likiongozwa na mawimbi linaloyazua lenyewe. Yanapendeza, na mjukuu anaweza kuyafanya mezani kwa bibi kwa spika ya redio kuukuu. Lakini usiyatumie kama ushahidi kwamba Bohm alikuwa sahihi. Madai kwamba matone hayo yanazaa mistari ya nyufa mbili hayakuthibitika wengine walipoyarudia, na mwanafunzi wa UDOM anayeyatangaza kama uthibitisho atakuwa mhusika dhaifu.

Jirani ya nadharia hii kuna wazo kwamba kila kitu, pamoja na uamuzi wa mpimaji juu ya nini apime, kilishafungwa tangu mwanzo wa ulimwengu. 'T Hooft ni miongoni mwa wanaolitetea. Sikuliweka kwenye tano. Katika hadithi huishia kwa wahusika wasio na hatia wala sifa, na wasomaji wetu wana imani zao kuhusu kudra, pana na za zamani, ambazo hazihitaji fizikia kuzisemea.

Etha

Nadharia iliyokufa ina faida yake: kila mtu anajua ilikufa vipi. Wanafizikia wa karne ya 19 waliamini nuru husafiri ndani ya kitu kisichoonekana kilichojaa kote, etha, na kwamba dunia inapozunguka jua lazima upepo wa etha uvume dhidi yetu. Mwaka 1887, mjini Cleveland, Albert Michelson na Edward Morley waliweka vioo vyao juu ya bamba kubwa la jiwe linaloelea kwenye zebaki, wakaligeuza polepole, wakitafuta upepo huo. Hawakuuona. Einstein alipoandika nadharia yake ya kwanza ya uhusianifu mwaka 1905 hakuihitaji etha kabisa.

Mwaka huohuo wa 1905 Wajerumani walianza kujenga Reli ya Kati kutoka Dar es Salaam, iliyopita Dodoma na kufika Kigoma 1914. Kwa mwandishi wa hadithi za kihistoria huo ni mlango uliofunguliwa. Karani wa simu za maandishi (telegrafu) katika kituo cha Dodoma, kijana wa hapa aliyefundishwa na mjerumani mwenye kuamini etha, hajapata habari kwamba imekufa.

Kuna na kipande kingine cha kweli kinachokaa vizuri kwenye uwanda wetu wa juu. Katika miaka ya 1920 Dayton Miller alidai kwamba akipima juu ya Mount Wilson, California, upepo wa etha unaonekana, ingawa kwa udogo. Uchambuzi wa vipimo vyake uliotoka 1955 uliona chanzo kikubwa kuwa tofauti za joto ndani ya chumba cha kupimia. Chukua hilo. Mchana wa Dodoma unachoma, usiku wa Julai unatetemesha meno. Karani wako anaona mistari ya nuru inasogea kila alfajiri, na msomaji hatajua kama ni etha au ni baridi. Kwa kisima cha bibi etha haitoshi, maana kazi yake ni kubeba nuru. Kwa hadithi ya mtu aliyeipenda nadharia iliyokwisha kuachwa, sioni bora kuliko hii.

Uchague ipi

Ukiandika mchezo wa redio, chukua wimbi elekezi, kwa kuwa mafundo ya kamba, jiwe kugusa maji na simu ya Bahi vyote vinasikika, na msikilizaji hahitaji kuoneshwa chochote. Hadithi fupi ya kurasa chache inaibeba hologramu vizuri: chumba kimoja, ukuta mmoja, fundi mmoja anayekuja na saruji kesho asubuhi. Malimwengu mengi yanataka riwaya, maana uchungu wake unahitaji muda wa kumjua mtu kabla ya kumpoteza, na ningeiandika bila hata mara moja kuonyesha tawi la pili. Etha nayo ni ya mwenye subira ya kusoma historia ya reli, majina ya vituo na jinsi simu za maandishi zilivyokuwa zikitumwa. Dunia ya programu mwachie mwenye uwezo wa kuchora ramani ile ya miraba na kuishika bila kulegeza.

Ukichagua wimbi elekezi kama ninavyotumaini, usianze na sentensi ya kwanza ya hadithi. Anza na daftari la visima viwili, Hombolo na Bahi, safu mbili, siku kwa siku kwa mwezi mzima wa Agosti. Hombolo ikipanda fundo moja, Bahi ishuke fundo moja, na jumla ya safu mbili isibadilike kamwe. Kisha tafuta usiku mmoja ambapo jumla haikutimia, fundo moja limepotea kwenye safu zote mbili, na ujiulize kisima cha tatu kiko wapi na ni nani anashusha kamba huko.